Leseni Bila Ukaguzi ni Risiti

Mwezi Juni uliopita, siku chache kabla ya mwaka wa fedha kufungwa, gari la halmashauri lilisimama mbele ya karakana iliyo jirani na nyumba ninayoishi. Wakashuka watu watano: wawili wenye mafaili, mmoja mwenye mashine ya kukusanyia mapato, na mgambo wawili. Karakana hiyo ni ya fundi anayenyoosha bodi za magari na kuyapiga rangi. Haina ukuta wala paa la maana; ina turubai, kompresa moja na vijana watatu. Rangi anayopuliza hupeperuka hadi kwenye baraza la bibi mmoja auzaye chapati na maharage, ambaye analea mjukuu mwenye pumu. Oili chafu na thina humwagwa kwenye mtaro wa maji ya mvua, na mtaro huo huishia mtoni.

Kwa ujinga wa mtu aliyezoea vitabu, nilidhani kwamba hatimaye serikali imekuja kuitazama rangi ile inakokwenda. Nikatoka. Kiongozi wa msafara akanitambua kabla sijamtambua. "Shikamoo, Mwalimu." Alikuwa mwanafunzi wangu, nilimfundisha muhula mmoja somo la utawala wa umma, na ninakumbuka kwamba alikuwa hodari wa kuuliza maswali. Nikaitikia, nikamwuliza wamekuja kukagua nini. Akajibu bila kigugumizi: "Tunakagua leseni, Mwalimu."

Hakusema wanakagua biashara. Alisema wanakagua leseni.

Leseni ya fundi ilikuwa imekwisha muda wake. Akatozwa faini, akaandikiwa namba ya malipo, na kompresa ikapakiwa garini mpaka atakapolipa. Jioni alikopa, akalipa, akaikomboa. Usiku ule na siku tatu zilizofuata alipuliza rangi mpaka saa sita za usiku, maana sasa alikuwa na deni. Mjukuu wa bibi alilazwa zahanati. Hivyo ndivyo serikali ilivyokuja mtaani kwetu kwa jina la sheria, ikaondoka na fedha, na hewa ikabaki chafu kuliko ilivyoikuta.

Nimelitafakari tukio hilo kwa miezi kadhaa, na leo nataka kusema jambo moja bila kuzunguka: leseni isiyoambatana na ukaguzi ni risiti tu. Na nchi inayotoa risiti huku ikiziita leseni haisimamii biashara ndogo, wala haiwalindi majirani zake. Inauza ruhusa ya kuchafua kwa bei ambayo maskini anaweza kuilipa kwa mkopo.

Kambi mbili na bibi wa chapati

Mjadala wetu kuhusu biashara ndogo umegawanyika kambi mbili, na kila moja ina hakika kwamba nyingine haina utu au haina akili.

Kambi ya kwanza husema sheria ni msumeno. Toza, funga, bomoa, kamata. Kwa kambi hii, mji ni picha inayopaswa kupendeza machoni pa mgeni apitaye kwa gari, na fundi wa gereji bubu ni doa katika picha hiyo. Kambi ya pili husema waacheni wanyonge. Hawa wamejiajiri wenyewe bila kuisumbua serikali. Kuwaletea masharti ya mazingira ni anasa ya nchi zilizoshiba.

Nakiri kwamba kwa miaka mingi nimesimama katika kambi ya pili. Nimefundisha hivyo madarasani na nimeandika hivyo. Nilipomwona fundi akihangaika kukopa fedha za faini, moyo wangu wote ulikuwa upande wake. Nikaenda kwa bibi nikidhani nitapata mtu wa kulalamika naye. Nikasema, "Wanawaonea wanyonge hawa, Bibi." Akageuza chapati yake taratibu, akanitazama, akasema: "Na mimi je, mwanangu? Mimi si mnyonge?"

Sikuwa na jibu. Swali lile ndilo linaloivunja kambi ya pili. Moshi wa mnyonge hauendi Masaki wala Oysterbay. Unakwenda nyumba ya pili, kwa mnyonge mwenzake. Maji machafu ya karakana hayapandi mlima. Yanateremka bondeni, kwa wale ambao walikosa fedha za kununua kiwanja juu. Tunaposema "waacheni wanyonge", mara nyingi tunasema: mwacheni mnyonge mwenye kompresa amuumize mnyonge mwenye kikaango. Hilo si pendo kwa maskini. Ni uvivu wetu sisi tunaowaona maskini kama kundi moja lisilo na majirani ndani yake.

Na tusisahau vijana watatu wa karakana. Baadhi ya rangi za magari zinazochanganywa na dawa ya kukaushia zina kemikali za isosayaneti, ambazo ni miongoni mwa visababishi vinavyojulikana vya pumu ya kazini. Kijana anayepuliza rangi hiyo akiwa amejifunga kitambaa puani hajilindi, anajifariji. Mtu wa kwanza kuumizwa na karakana isiyokaguliwa ni yule aliyeajiriwa humo.

Sheria hatujaikosa

Wako watakaosema tatizo ni ukosefu wa sheria. Si kweli. Tunayo Sheria ya Leseni za Biashara ya mwaka 1972. Tunayo Sheria ya Usimamizi wa Mazingira, Namba 20 ya mwaka 2004, ambayo inampa kila mtu aishiye Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na inamruhusu mwananchi kwenda kwenye vyombo vya haki pale haki hiyo inapovunjwa. Sheria hiyohiyo imeweka kanuni kwamba mchafuzi alipe gharama ya uchafuzi wake. Haikuishia kwa Baraza la Taifa, yaani NEMC. Imeshuka hadi halmashauri, ikitaka ziwe na maofisa wa mazingira, na ikashuka zaidi hadi kata, mtaa, kijiji na kitongoji. Kwenye karatasi, kila mtaro wa nchi hii una mlinzi wake.

Lakini mtazame mwenye duka la kuchomelea vyuma au mashine ya kusaga anapotaka kufanya kazi kihalali. Anahitaji namba ya mlipakodi, leseni ya halmashauri, cheti cha zimamoto, na kutegemeana na kazi yake, atapishana na watu wa usalama mahali pa kazi, wa vipimo, wa viwango, wa mazingira na bwana afya. Kila mmoja ana fomu yake, kila mmoja ana ada yake. Serikali yenyewe ililikiri jambo hili: mpango wa kuboresha mazingira ya biashara, maarufu kwa jina la Blueprint, uliopitishwa mwaka 2018 na kuanza kutekelezwa Julai 2019, ulieleza wingi wa mamlaka za udhibiti na kuingiliana kwa majukumu yao, na tozo kadhaa zikafutwa au kupunguzwa.

Niliipongeza hatua hiyo na bado ninaipongeza. Hata hivyo, kuna jambo halikuguswa. Tulipunguza bei ya karatasi. Hatukuuliza karatasi inafanya kazi gani. Mfanyabiashara akiacha kulipa ada tano akalipa mbili, amepata nafuu. Lakini bibi wa chapati hajapata kitu, kwa sababu katika zile tano hapakuwa na hata moja iliyomleta mtu kuchungulia mtaro.

Nilimwomba mwanafunzi wangu wa zamani anioneshe fomu aliyokuwa akiijaza siku ile. Ilikuwa na safu sita: jina la mfanyabiashara, aina ya biashara, namba ya leseni, tarehe ya kwisha, kiasi anachodaiwa, kiasi alicholipa. Hapakuwa na safu ya moshi. Hapakuwa na safu ya kelele, ya mtaro, wala ya jirani. Nikamwuliza, kwa upole kadiri nilivyoweza, hivi akikuta pipa la asidi linavuja ataliandika wapi. Akacheka kidogo, kisha akaacha kucheka. "Mwalimu, sisi tunapimwa kwa makusanyo."

Simlaumu. Ofisa ambaye kazi yake inapimwa kwa lengo la makusanyo ataleta makusanyo. Ukimpa lengo la mitaro safi, ataanza kutazama mitaro. Tena mfumo huu unazaa ukinzani usiotamkwa: taasisi inayotegemea faini kwa sehemu ya mapato yake haina sababu ya kuyapenda mafanikio ya sheria. Karakana zote zikitii, faini zitakauka. Mchafuzi anayelipa kila mwaka ni mteja mwema kuliko fundi aliyejirekebisha.

Mchafuzi mwenye muhuri

Kuna sababu nyingine kwa nini mwananchi haamini sheria hizi, nayo ni ya kihistoria. Wanafunzi wangu wengi hawaijui, kwa hiyo naomba niisimulie.

Mwaka 1988 wakazi wa Tabata waliishtaki Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam katika Mahakama Kuu. Jiji lilikuwa likitupa taka katikati ya makazi yao. Taka zilikuwa zikiungua, moshi na harufu vikiingia majumbani, inzi wakitawala. Jaji Lugakingira aliwapa ushindi wakazi. Alikataa hoja kwamba jiji lina ruhusa ya kisheria ya kuhatarisha afya za watu kwa kuwa linatoa huduma ya umma, akaihusisha kesi hiyo na Ibara ya 14 ya Katiba, inayolinda haki ya kuishi. Jiji likaamriwa kuacha. Je, liliacha? Likaomba muda, kisha likaomba muda tena, mpaka mwaka 1991 mahakama ilipokataa kuongeza muda zaidi. Halafu likahamishia taka Kunduchi Mtongani. Huko nako wakazi, karibu mia nane, wakalipeleka mahakamani mwaka huohuo, nao wakashinda. Taka zikaendelea na safari yake: Vingunguti, Mtoni, hatimaye Pugu Kinyamwezi.

Tafakari, ndugu msomaji. Mamlaka iliyopewa kazi ya kumfungia fundi kwa kumwaga oili ndiyo iliyohitaji amri za mahakama ili iache kuchoma taka madirishani mwa watu. Fundi aliyechelewa kulipia leseni hupewa saa chache kabla kompresa yake haijapakiwa. Jiji lililokaidi mahakama lilipewa miaka.

Sisimulii haya ili kumtetea mchafuzi mdogo kwa kumwonesha mchafuzi mkubwa. Kosa la mkubwa halisafishi mtaro wa mdogo. Ninasimulia kwa sababu utii wa sheria hujengwa na mfano. Mwenye soko la umma lisilo na choo kinachofanya kazi hawezi kwenda kwa mama lishe akamfundisha usafi, ila kwa nguvu za mgambo. Na sheria inayohitaji mgambo kila siku ni sheria ambayo hakuna aliyeisadiki, hata anayeitekeleza.

Huruma si sera

Kuna mtu atanikumbusha vitambulisho vya wajasiriamali. Nakumbuka vizuri. Desemba 2018 Rais Magufuli aliwakabidhi wakuu wa mikoa vitambulisho 670,000 kwa ajili ya wafanyabiashara wadogo ambao mauzo yao hayazidi shilingi milioni 4 kwa mwaka. Kila kimoja shilingi 20,000, na mwenye nacho asibughudhiwe. Watu wengi walishangilia, na walikuwa na haki ya kushangilia: kwa mara ya kwanza mama wa maandazi alilala bila kumwota mgambo.

Lakini kitambulisho kile kilikuwa nini? Hakikusema mwenye nacho afanyie kazi wapi. Hakikumpa maji, choo wala pa kutupa taka. Hakikumwekea wajibu wowote kwa jirani wala kwa mteja. Kilikuwa risiti ya huruma. Huruma nayo hutegemea aliye madarakani na siku aliyoamkia. Mwaka 2021 ulipofika, wamachinga katika miji yetu waliondolewa barabarani na kuelekezwa katika maeneo mapya, na wako waliovunjiwa vibanda vyao huku vitambulisho wakiwa navyo. Sibishi kwamba barabara na njia za watembea kwa miguu zilihitaji kufunguliwa. Ninachosema ni kwamba raia yuleyule, kwa biashara ileile, mahali palepale, alikuwa halali mwaka huu na haramu mwaka ule, na hakuna mtu aliyekuwa amepima chochote katikati. Hiyo si sheria. Hiyo ni hali ya hewa.

Sumu haisomi leseni

Wale wa kambi ya kwanza watauliza: je, tukihakikisha kila mtu ana leseni halali, si tutakuwa salama? Jibu liko Mombasa.

Katika kijiji cha Owino Uhuru, kitongoji cha watu wa kipato cha chini, kulikuwa na kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu ili kupata risasi. Hakikuwa kiwanda bubu cha uchochoroni. Mamlaka zilikijua, na kilipewa vibali. Watu wa Owino Uhuru wakaugua. Phyllis Omido, aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda hicho, aligundua kwamba mtoto wake mwenyewe ana risasi mwilini, akaanzisha mapambano yaliyochukua miaka, na mwaka 2015 akatunukiwa Tuzo ya Goldman. Julai 2020 mahakama ya mazingira na ardhi ya Mombasa iliamuru wakazi walipwe fidia ya shilingi za Kenya bilioni 1.3, na haikuwahukumu wenye kiwanda peke yao: iliziwajibisha pia taasisi za serikali, ikiwamo mamlaka ya mazingira yenyewe. Mahakama ya Rufaa ilikiondoa kiwango hicho cha fidia, lakini Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikakirejesha.

Ndugu watumishi wa umma, isomeni hukumu hiyo kwa makini kuliko waraka wowote wa makusanyo. Inasema kwamba kibali kinambana pia aliyekitoa. Ukigonga muhuri bila kwenda kuona, umetia saini kwa niaba ya sumu. Risasi huharibu ubongo wa mtoto, na Shirika la Afya Duniani limekwisha kueleza kwamba hakuna kiwango chake kinachojulikana kuwa salama. Nendeni mkaangalie ni wapi katika miji yetu betri chakavu zinapasuliwa kwa shoka, asidi ikimwagwa chini, watoto wakicheza pembeni. Kisha mniambie kama mwenye shughuli hiyo akilipia leseni leo alasiri, udongo utasafika jioni.

Inawezekana, tumekwisha kuonesha

Msiniambie kwamba Watanzania hatuwezi kusimamia kanuni za mazingira. Aprili 2019 Waziri Mkuu alitangaza bungeni kwamba mifuko ya plastiki itapigwa marufuku ifikapo Juni 1. Wengi walicheka. Juni ilipofika, mifuko ile iliyokuwa imetapakaa kila gulio ilitoweka machoni kwa kasi ambayo hakuna aliyeitarajia. Kwa nini ilifanikiwa kwa kiasi kile? Tarehe ilijulikana. Kila mtu, kuanzia mwenye kiwanda hadi muuza nyanya, aliijua kanuni kwa lugha anayoielewa. Adhabu ziliwekewa ngazi: aliyekutwa na mfuko alikabiliwa na faini ya kuanzia shilingi 30,000 hadi 200,000, ilhali mtengenezaji au mwingizaji alikabiliwa na faini iliyofika shilingi bilioni 1. Na mfuko mbadala ulikuwapo, hata kama ulikuwa ghali. Sheria ilianza kwenye chimbuko, ikamfikia mnyonge ikiwa imemwachia njia ya kutii.

Baadaye macho yalipolegea, plastiki laini za vifungashio zikaanza kugeuzwa mifuko, na tukarudi kwenye matangazo na misako. Somo ni lilelile: kinachodumisha kanuni ni jicho linalorudi kila mara, si kishindo cha siku moja.

Kuna hoja mbili ambazo lazima nizijibu kwa heshima.

Ya kwanza ni kwamba halmashauri hazina vifaa vya kupimia. Ni kweli kwa mambo mengi, na kiwanda kikubwa kinahitaji maabara. Lakini karakana ya mtaani haihitaji mtambo ili ijulikane kwamba inachafua. Je, kuna pipa la kuhifadhia oili chafu, na nani huja kulichukua? Mtaro una utando wa mafuta? Rangi inapulizwa mahali palipozibwa au hewani? Vijana wana barakoa zinazofaa? Mashine ya kusaga inanguruma saa ngapi za usiku? Jirani wa kulia na wa kushoto wanasemaje? Ofisa mwenye macho, pua, kalamu na uaminifu anaweza kuyajibu yote hayo kwa nusu saa. Nusu saa ileile aliyoitumia kutafuta tarehe ya kwisha kwa leseni.

Hoja ya pili ni nzito zaidi: ukiwabana mafundi, utaua ajira. Nilimpelekea hoja hii fundi mwenyewe, maana tuna tabia ya kuwasemea watu bila kuwauliza. Alinijibu kwa hasira ambayo sikuistahili peke yangu: "Mwalimu, mnionesheni pa kwenda, hata kesho nahama. Unadhani napenda kupiga rangi chini ya turubai?" Hapo ndipo penye shina la tatizo. Mafundi wako vibarazani kwa watu kwa sababu ramani za miji yetu huwa na shule, kanisa, msikiti, kituo cha mafuta na baa, lakini mara chache huwa na mahali pa fundi. Mwaka 1973 tulilianzisha shirika la kuhudumia viwanda vidogo, SIDO, na mitaa yake ya viwanda imewalea mafundi wengi. Wazo lile lilikuwa sahihi. Eneo moja lenye chumba cha pamoja cha kupigia rangi, mtaro wenye shimo la kuchujia mafuta na pipa kubwa la oili chafu, ambavyo mafundi ishirini wanavichangia kwa ada ndogo, ni usimamizi wa mazingira kuliko misako mia moja. Fundi mmoja hawezi kukijenga peke yake. Faini alizolipa miaka yote zingeweza kukianza.

Safu moja

Basi ninadai nini? Ninadai kwanza kwamba anayekagua asiwe ndiye anayekusanya, na asipimwe kwa kiasi alichokusanya. Ninadai kwamba masharti ya kila leseni yaandikwe kwa Kiswahili chepesi katika ukurasa mmoja, yabandikwe mlangoni mwa biashara, ili jirani ayajue na fundi asitishwe kwa sharti lisilokuwapo. Ninadai kwamba atakayekutwa na kosa apewe kwanza amri ya kurekebisha na siku za kufanya hivyo, akikaidi, faini, akikaidi tena, afungiwe. Lakini kompresa, jiko, mzani au cherehani ya mtu visichukuliwe rehani, maana ukimnyang'anya mtu chombo chake cha kazi umemlazimisha achafue zaidi ili akikomboe. Pale penye hatari ya dhahiri, kama asidi au risasi karibu na watoto, shughuli isimame siku hiyohiyo, leseni iwepo au isiwepo. Ninadai kwamba matokeo ya ukaguzi yabandikwe kwenye ubao wa ofisi ya mtaa. Na orodha hiyo ianze na mali za umma: dampo, machinjio, soko, stendi.

Wanafunzi, kazi yenu si kuchagua kambi. Chukueni daftari, nendeni kwenye ofisi ya mtaa mnaoishi, mwombe kwa adabu kuonyeshwa taarifa ya mwisho ya ukaguzi wa mazingira. Mkiambiwa haipo, mmepata mada ya tasnifu. Wanaharakati, mnapomtetea machinga au fundi, na tunapaswa kumtetea, mtafuteni kwanza jirani yake mkamsikilize. Kesi za Tabata na Kunduchi zilishindwa na majirani.

Na wewe mwanafunzi wangu wa zamani, ambaye najua utasoma makala haya: sikuandiki ili nikuaibishe. Huwezi kubadili bajeti ya halmashauri, wala ramani ya mji, wala sheria ya mwaka 1972. Lakini fomu ile ya safu sita ina nafasi tupu upande wa kulia, niliiona. Chora mstari kwa rula. Andika juu yake neno moja: *Jirani*. Halafu, kabla hujamwuliza fundi tarehe ya kwisha kwa leseni yake, vuka barabara, keti kwenye kigoda cha yule bibi, agiza chapati, umwulize mjukuu wake anaendeleaje. Ukiulizwa ofisini kwa nini fomu yako ina safu saba, jibu kwamba sheria ya mwaka 2004 imekutuma. Litakuwa jibu la kweli, nami nitakuwa tayari kuja kulitolea ushahidi.